Bei ya Muhula

Septemba 22, 2011, wakazi wa kijiji cha Mitumba, jirani na Uwanja wa Ndege wa Wilson jijini Nairobi, walipata kile ambacho watu wengi hukililia katika mahakama za Afrika Mashariki: muda. Wiki moja kabla, tangazo la gazetini lilikuwa limewapa siku saba wawe wamehama. Walikuwa kaya 3,065, watu 15,325 kwa jumla, na kijiji chao kilikuwapo tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990. Walikuwa na shule yao ya msingi. Mahakama Kuu ikaamuru wasiguswe mpaka shauri lao lisikilizwe. Jumamosi ya Novemba 19, amri hiyo ikiwa bado hai, tingatinga ziliingia kijijini na kubomoa.

Shauri likaendelea, kijiji hakipo tena. Mwaka 2013 Mahakama Kuu iliwapa wakazi ushindi. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufaa iliutengua. Januari 11, 2021, Mahakama ya Juu ya Kenya ilisema kwamba watu waliokaa muda mrefu kwenye ardhi ya umma wanaweza kudai ulinzi wa haki yao ya makazi, kisha ikarudisha jalada Mahakama Kuu ili nafuu wanayostahili ipangwe. Zaidi ya miaka tisa ya hoja nzito ilipita juu ya nyumba zilizokwisha kuwa vifusi kabla shauri halijatimiza miezi mitatu.

Mitumba inaonyesha kwa nini watu huomba muda. Haionyeshi bado nani huulipia. Katika kesi nyingi za ardhi, aliye upande wa pili si mamlaka ya viwanja vya ndege. Ni mjane mwenye kiwanja alichoachiwa na marehemu mumewe, au mwalimu mstaafu aliyetia kiinua mgongo chake chote kwenye robo eka, au ndugu wanaosubiri kugawana mirathi tangu baba yao azikwe. Wamehangaika na kesi, wameshinda, hukumu wanayo. Kila mwezi anaoongezewa aliyeshindwa ni mwezi wanaonyimwa wao. Ndiyo maana jambo hili, kabla halijawa la mawakili, ni la dhamiri. Mtu aliyeamriwa na mahakama aondoke kwenye ardhi, anapoomba asiondolewe kwanza, anaomba haki yake au anaomba kuendelea kula haki ya mwenzake?

Sheria yenyewe hailioni ombi hilo kuwa jambo dogo. Watu wengi hudhani kwamba ukishakata rufaa, dalali wa mahakama hawezi kuja. Sivyo. Rufaa peke yake haizuii utekelezaji wa hukumu, si Kenya wala Tanzania. Ni lazima liletwe ombi la pekee la kusimamisha utekelezaji, na ombi hilo lina masharti. Nchini Kenya, Agizo la 42, Kanuni ya 6 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010, linamtaka mwombaji aonyeshe kwamba atapata hasara kubwa asiposikilizwa, kwamba hakukawia kuja mahakamani, na kwamba yuko tayari kuweka dhamana. Nchini Tanzania, anayekwenda Mahakama ya Rufani hushikwa na Kanuni ya 11 ya Kanuni za mahakama hiyo za mwaka 2009: alete ombi ndani ya siku 14 tangu apewe taarifa ya utekelezaji, athibitishe hasara kubwa, na atoe dhamana ya kutimiza hukumu endapo rufaa yake itaanguka.

Sharti la dhamana ndilo linalostahili kutazamwa kwa makini. Kwa kulidai, sheria inakiri kwamba muda si wa bure. Anayeomba kubaki anaambiwa: sawa, lakini weka kitu mezani, maana kukaa kwako kunamgharimu mtu. Wanasheria huona hapo utaratibu wa kawaida tu. Lakini kanuni iliyomo ndani yake ni ya kimaadili, na dini zimekuwa zikiizungumzia karne nyingi kabla kanuni hizi hazijaandikwa.

Kwanza, kwa nini muhula uwepo kabisa? Kwa nini hukumu isitekelezwe siku ileile inaposomwa, mshindi akapata chake na mambo yakaisha?

Jibu la kwanza ni kwamba hakimu ni binadamu. Kitabu cha Kwanza cha Wafalme, sura ya 21, kinasimulia kisa cha Nabothi wa Yezreeli, aliyekataa kumwuzia mfalme Ahabu shamba lake la mizabibu kwa sababu lilikuwa urithi wa baba zake. Wasomaji wengi hukumbuka tamaa ya mfalme na ukatili wa malkia Yezebeli. Wachache huzingatia namna dhuluma ile ilivyofanyika: kwa kufuata utaratibu. Barua zilipigwa mhuri wa mfalme, mfungo ukatangazwa, wazee wa mji wakaketi, mashahidi wawili wakasimama na kutoa ushahidi, kama sheria ilivyotaka. Hukumu ikatoka na ikatekelezwa papo hapo. Nabothi akapigwa mawe nje ya mji, na Ahabu akashuka kulimiliki shamba. Nabii Eliya alipofika na neno la Mungu, alikuta mambo yamekwisha. Ukweli ulifika umechelewa, kwa sababu uongo haukuwekewa kizuizi chochote cha muda.

Katika Uislamu, jambo hili alilisema Mtume Muhammad (S.A.W.) kwa kinywa chake. Katika hadithi iliyopokewa na Ummu Salama, na iliyomo katika Bukhari na Muslim, Mtume aliwaeleza watu waliomletea mashauri kwamba yeye ni binadamu. Huenda mmoja wao akawa hodari wa kujieleza kuliko mwenzake, naye akahukumu kwa kufuata alichosikia. Basi atakayepewa kwa hukumu hiyo haki ya ndugu yake asiichukue, maana alichokatiwa ni kipande cha moto. Kama hukumu ya Mtume haiwezi kugeuza haramu ikawa halali, sembuse hukumu ya baraza la ardhi la wilaya, lenye majalada yaliyorundikana na shahidi aliyelipiwa nauli.

Fundisho hilo lina ncha mbili. Linampa aliyeshindwa sababu ya kuomba muda, kwa kuwa hukumu inaweza kuwa imekosea, na nyumba iliyobomolewa haisimamishwi upya kwa rufaa. Mahakama ya Rufaa ya Kenya ililisema hilo katika shauri la Butt dhidi ya Baraza la Kodi za Nyumba: busara ya mahakama itumike kwa namna ambayo haitaigeuza rufaa kuwa kazi bure. Lakini ncha ya pili inamchoma mwombaji mwenyewe. Iwapo anajua moyoni kwamba ardhi si yake, zuio atakalolipata kwa ufundi wa wakili wake nalo ni kipande cha moto.

Hapo ndipo kiapo kinapoingia. Ombi la zuio haliendi mahakamani peke yake. Huambatana na hati ya kiapo, na mwenye kuiapa hutamka mbele ya kamishna wa viapo kwamba aliyoyasema ni kweli. Katika pilikapilika za ofisi za mawakili, karatasi hiyo husainiwa haraka, pengine bila hata kusomwa. Muumini hana ruhusa ya kuichukulia hivyo. Muslim amepokea kisa cha watu wawili waliogombea ardhi mbele ya Mtume, mmoja wa Hadhramaut na mwingine wa kabila la Kinda. Mhadhrami alidai kwamba mwenzake amemnyang'anya ardhi iliyokuwa ya baba yake. Mkinda akajibu kwamba ardhi iko mikononi mwake, anailima, na huyu hana haki yoyote. Ni mabishano yaleyale yanayosikika leo Kisauni na Kigamboni: mmoja ana historia, mwingine ana jembe shambani. Mhadhrami hakuwa na ushahidi, kwa hiyo kilichobaki kilikuwa kiapo cha mwenzake. Mkinda alipoondoka kwenda kuapa, Mtume akasema kwamba akiapa ili ale mali ya mwenzake kwa dhuluma, atakutana na Mwenyezi Mungu hali ya kuwa Mungu amempa kisogo.

Kwa hiyo kabla ya kuuliza kama kuna hoja za kisheria za kupata zuio, mtu ana swali la kujiuliza peke yake. Anaamini kweli kwamba hukumu imekosea? Au anachotaka ni misimu miwili zaidi ya mahindi, kodi ya wapangaji ya mwaka mmoja zaidi, mwenye ardhi achoke akubali kuuza kwa bei ya kutupa?

Mbinu za kuchosha zinajulikana katika kila masjala. Mtu hukwepa kupokea hati za wito. Hubadilisha wakili siku ya kusikilizwa, wakili mpya akaomba muda wa kusoma jalada. Hukata rufaa na kuiacha ilale. Zuio likikataliwa, huibuka mke, mtoto au shemeji na pingamizi jipya, akidai kwamba naye ana haki kwenye kiwanja hicho na hakusikilizwa. Mshindi wa kesi hufa, warithi wakaanza kutafuta barua za usimamizi wa mirathi ili waingizwe kwenye shauri. Waswahili husema subira huvuta heri, na ni kweli. Lakini pia husema ngoja ngoja huumiza matumbo, na katika kesi hizi tumbo linaloumia ni la yule ambaye mahakama imekwisha kusema ana haki.

Kwa mtu wa namna hiyo dini hazina simile. Hadithi mashuhuri inasema kwamba mwenye uwezo anayekawiza kutoa haki ya mtu anafanya dhuluma. Neno zito limewekwa pale: si uzembe, si utovu wa adabu, ni dhuluma. Katika ulimwengu wa Ukristo wa Ulaya, mkataba wa Magna Carta wa mwaka 1215 ulimwapisha mfalme wa Uingereza kwamba hatauza haki, hatainyima wala hataichelewesha, na mambo hayo matatu yaliwekwa safu moja. Katiba ya Tanzania, Ibara ya 107A, inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, Ibara ya 159, inasema hivyo hivyo. Anayetumia milango ya mahakama kwa ajili ya kuchelewesha tu anaigeuza nyumba ya haki kuwa silaha dhidi ya mwenye haki.

Lakini si kila anayekawia ana uwezo. Aya ya 280 ya Suratul Baqara inazungumzia mdaiwa aliye katika dhiki na kuamuru apewe muhula mpaka hali yake itengemae, na kumsamehe kabisa ni bora zaidi. Agizo la muhula limefungamanishwa na dhiki. Aya na hadithi zikisomwa pamoja zinatoa kipimo kilicho wazi: mwenye nacho akikawiza ni dhalimu, asiye nacho akikimbizwa ni mdhulumiwa. Swali la kwanza ambalo hakimu wa haki angeuliza kuhusu anayeomba kubaki ni hali yake. Akiondoka leo jioni, watoto wake watalala wapi?

Injili ya Mathayo, sura ya 18, inaongeza sharti ambalo mara nyingi husahauliwa. Mtumwa aliyedaiwa na mfalme mali isiyohesabika alianguka miguuni akaomba avumiliwe, akasamehewa deni lote. Alipotoka nje alimkuta mwenzake anayemdai fedha kidogo, akamkaba koo. Mwenzake alimwomba kwa maneno yaleyale aliyoyatumia yeye muda mfupi uliopita, naye akamtia gerezani. Wapo leo wanaojaliwa zuio la mahakama, wakabaki kwenye kiwanja chenye mgogoro, na humo ndani wana wapangaji wa vyumba ambao wakichelewa kodi wiki moja hutolewa godoro nje. Aliyepewa muda anadaiwa kuwapa wengine muda.

Kuna ugumu mwingine, nao ni wa hati yenyewe. Katika pwani ya Kenya, sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908 iliwataka wenye madai katika ukanda wa maili kumi wayapeleke kwa maofisa wa kikoloni yakaandikishwe; ardhi ambayo haikudaiwa ikahesabiwa kuwa ya Taji la Uingereza. Wengi waliokuwa wakilima hawakudai, ama kwa kutojua ama kwa kutofikiwa. Vizazi vyao vikaitwa maskwota kwenye mashamba ambayo babu zao walizikwa humo. Mtu wa namna hiyo anapoamriwa kuondoka na mahakama inayosoma hati tu, kilio chake cha kuomba muda kimebeba zaidi ya karne moja.

Mwalimu Julius Nyerere aliligusa jambo hili katika andiko lake la mwaka 1958, Mali ya Taifa. Alisema kuwa ardhi ni zawadi ya Mungu kwa viumbe wake. Mtu akifyeka na kuilima, kilicho chake ni jasho lake, si ardhi yenyewe. Fikra hiyo inaendana na msimamo wa sheria ya Tanzania kwamba ardhi yote ni ya umma na Rais ni mdhamini wake, kama Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inavyoeleza. Mwenye kuondolewa, kwa hoja hiyo, anaweza kupoteza ardhi lakini hapotezi jasho. Minazi aliyoipanda, kisima alichochimba, kuta alizopandisha, vyote vina mwenyewe. Muda anaouomba pengine ni wa kuhesabiwa jasho hilo tu.

Hata hapo, jasho lina mipaka yake. Abu Dawud amepokea kisa cha mtu aliyepanda mitende katika ardhi ya mwenzake. Mtume alimrudishia mwenye ardhi ardhi yake na kumwamuru aliyepanda aing'oe mitende, nayo ikakatwa kwa mashoka ingawa ilikuwa imekwisha kukomaa. Hadithi hiyo inafungamana na kanuni kwamba anayehuisha ardhi iliyokufa anaimiliki, lakini mzizi uliopandwa kwa dhuluma hauna haki. Anayejenga usiku kwenye kiwanja anachojua kina mwenyewe, tena baada ya kupelekewa barua ya mahakama, akitumaini kwamba ukubwa wa nyumba utamtetea, anapanda mzizi wa namna hiyo.

Sasa yapo mashauri ambamo pande zote mbili zina haki. Mwenye ardhi hakumdhulumu mtu, hati yake ni safi. Waliokaa ni mafukara wasio na pa kwenda. Aristotle, katika kitabu cha tano cha Maadili ya Nikomakea, alieleza kwamba sheria husemwa kwa ujumla na maisha hayaji kwa ujumla, kwa hiyo uadilifu unahitaji kitu cha kurekebisha sheria pale inapopungua. Alitoa mfano wa waashi wa kisiwa cha Lesbos waliotumia rula ya risasi laini, inayojipinda kufuata umbo la jiwe. Hakusema rula itupwe. Alisema ijipinde.

Nchi iliyojifunza kuipinda rula hiyo kwa uchungu mkubwa ni Afrika Kusini, kwa sababu utawala wa ubaguzi wa rangi ulifanya kuhamisha watu kwa nguvu kuwa nguzo yake. Sheria ya mwaka 1998 ya kuzuia uondoaji haramu ikazitaka mahakama, kabla ya kuamuru mtu aondolewe, zijiulize kama ni haki na uadilifu kufanya hivyo. Oktoba 2004 Mahakama ya Katiba iliamua shauri la Port Elizabeth, ambako watu 68, wakiwamo watoto 23, walikuwa wakiishi katika vibanda 29 kwenye ardhi ya watu binafsi. Majirani 1,600 walitia saini wakitaka waondolewe. Jaji Albie Sachs, akiandika hukumu, aliitaja ubuntu kuwa roho inayopaswa kupita katika sheria nzima, akakataa kuwaondoa watu wachache waliokaa hapo miaka mingi pasipo juhudi ya kweli ya kuzungumza nao na kuwatafutia mahali.

Shauri linalofundisha zaidi ni la shamba la Modderklip, karibu na Benoni, mashariki ya Johannesburg. Mwaka 2000 watu kama 400 waliobanwa na msongamano wa makazi jirani waliingia kwenye kona ya shamba hilo. Miezi michache baadaye walikuwa maelfu. Kampuni yenye shamba haikujichukulia sheria mkononi. Ilikwenda mahakamani, na Aprili 2001 ikapata amri: wakazi waondoke ndani ya miezi miwili. Hawakuondoka. Ofisa wa mahakama aliyepaswa kuwatoa akataka kwanza amana ya randi milioni 1.8, fedha zilizozidi thamani ya ardhi iliyokaliwa. Polisi na Serikali wakakaa pembeni. Wakazi wakafika takribani 40,000.

Pima hali ilivyokuwa. Kuwatoa watu 40,000 kwa nguvu kungekuwa balaa. Kuwaacha bila kusema neno kungekuwa kumnyang'anya mwenye shamba mali yake kwa sababu tu wavamizi ni wengi. Mei 13, 2005, Mahakama ya Katiba ilitoa jibu: wakazi wabaki mpaka watakapopatiwa ardhi nyingine, na Serikali imlipe mwenye shamba fidia ya eneo lililokaliwa, kwa sababu Serikali ndiyo iliyoshindwa kumsaidia kutekeleza amri na ndiyo yenye wajibu wa makazi kwa wasio nayo. Muhula ulitolewa, na gharama yake ikapelekwa mahali pake.

Mwaka 2011, katika shauri la jengo la kampuni ya Blue Moonlight jijini Johannesburg lililokuwa na wakazi 86, mahakama hiyohiyo ilikamilisha fundisho: mwenye mali anaweza kutakiwa kuvumilia kwa muda, lakini hawezi kutakiwa kuwapa watu makazi ya bure bila mwisho. Jiji likaamriwa litafute mahali pa kuwaweka.

Pwani ya Kenya ina mfano wake. Shamba la Waitiki huko Likoni, ekari 930, lilivamiwa wakati wa machafuko ya mwaka 1997, na mwenyewe akakimbia. Kwa karibu miaka 20 hakuweza kulirudia, na waliokaa humo hawakulala usingizi wa mtu mwenye kwake. Mwishowe Serikali ilikubali kulinunua kwa shilingi bilioni 1.1, na Januari 2016 Rais Uhuru Kenyatta akaanza kugawa hati kwa wakazi. Wapo waliolalamikia bei na wapo waliolalamikia namna hati zilivyogawanywa. Lakini kosa kubwa lilikuwa la muda: kwa takribani miongo miwili, gharama ya kungoja ilibebwa na mtu mmoja aliyefukuzwa kwake na maelfu ya maskini wasiojua kesho yao, wakati mwenye uwezo wa kuibeba alikuwapo siku zote.

Muda ulioombwa ukiisha kwa haki, watu wanapaswa kuondoka. Hapo pia dini zina la kusema. Kumbukumbu la Torati, sura ya 24, inamkataza mkopeshaji kuingia ndani ya nyumba ya mdaiwa kuchukua rehani; asimame nje, mdaiwa mwenyewe amletee. Na kama ni maskini, nguo aliyoiweka rehani arudishiwe kabla jua halijatua, apate kujifunika usiku. Deni halikufutwa. Heshima ya mdaiwa ndani ya mlango wake ndiyo iliyolindwa. Sheria ya ardhi ya Kenya, kwa marekebisho ya mwaka 2016, imekaribia hapo: kwenye ardhi ya mtu binafsi taarifa ya maandishi itolewe miezi mitatu kabla, anayepewa taarifa aweze kwenda mahakamani, wanaotekeleza wajitambulishe, watoto, wanawake, wazee na wenye ulemavu waangaliwe kwa namna ya pekee, na wanaoondolewa wapewe nafasi ya kwanza ya kubomoa wenyewe na kuokoa mabati na mbao zao. Taarifa ingetolewa kweli kwa miezi mitatu hiyo, maombi mengi ya dharura yanayoletwa mahakamani usiku wa kuamkia ubomoaji yasingehitajika.

Hadithi ile ya kipande cha moto ina mwisho wake katika mapokezi ya Abu Dawud. Walikuwa watu wawili waliogombea mirathi ya zamani, na hakuna aliyekuwa na ushahidi. Walipoyasikia maneno ya Mtume wakalia wote wawili, kila mmoja akasema haki yangu nampa mwenzangu. Mtume akawaambia wagawane, wakusudie haki, wapige kura, kisha kila mmoja amhalalishie mwenzake. Muda bora kuliko wote katika mgogoro wa ardhi ni ule unaotumika hivyo. Katiba za nchi zetu mbili zinazitaka mahakama zikuze usuluhishi. Zuio la miezi sita ambalo pande mbili zimelitumia kukaa chini na wazee, na mthamini na mpima ardhi, limefanya kazi ya haki. Zuio la miezi sita ambalo limetumika kungojea tarehe nyingine limemwibia mtu.

Kwa hiyo wewe unayeshika leo amri ya kuondoka, ukitaka kuomba muda, omba. Ni haki yako na sheria imekuwekea mlango. Lakini usiape usichokiamini. Weka dhamana unayoiweza, hata kama ni kulipa kodi ya ardhi unayoikalia kila mwezi mahakamani. Iseme tarehe utakayoondoka rufaa ikishindwa, na uiheshimu. Wewe uliyeshinda, mwulize jirani yako atakwenda wapi kabla hujampigia dalali simu. Na kama hana pa kwenda, msimu mmoja wa uvumilivu haukupunguzii umiliki wako. Na ninyi mnaokaa kwenye wizara za ardhi, Nairobi na Dodoma, tengeni fungu la fedha la kulipia muda ambao maskini wanauhitaji na wenye ardhi hawastahili kuubeba peke yao, na hakikisheni kwamba amri ya kusimamisha ubomoaji ikitolewa, tingatinga zinazimwa siku hiyohiyo.